Cheki Ikirudi, Usiache Siku Zikupite

SOMO LA KIKUNDI

Lengo: Mwisho wa somo hili kila mwanakikundi aweze kueleza muda anaopewa na sheria cheki ikikataliwa benki, na hatua za kufuata.

Wapendwa wanakikundi, hebu tuanze na mfano.

Akina mama wa kikundi kimoja huko Mtongwe, Likoni, wamewapikia wafanyakazi wa mkandarasi mwezi mzima. Tarehe 10 Machi 2023 akawapa cheki ya shilingi 84,000. Wakaipeleka benki. Siku chache baadaye ikarudi: akaunti haina pesa. Mweka hazina akampigia simu. "Mama, ngojeni mwisho wa mwezi." Wakangoja. Mwezi ukazaa miezi. Mei 2024 walipotaka kwenda polisi, jirani akawaambia, "Mmechelewa. Mwaka umepita, kesi imekufa." Basi wakarudi nyumbani, cheki ikakaa mkobani.

Je, jirani alisema kweli? La. Alichanganya mambo. Kuna hesabu tatu za muda, na kila moja ina kazi yake.

1. Muda wa benki: miezi 6
Hapa Kenya cheki hupelekwa benki kabla ya miezi sita kwisha tangu tarehe iliyoandikwa. Ikipita hapo imechacha, benki haiipokei. Lakini cheki kuchacha si deni kufa.

2. Muda wa kesi ya jinai
Kifungu cha 219 cha Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Jinai chasema kosa dogo lazima lishtakiwe ndani ya miezi 12. Hili ndilo alilosikia jirani. Lakini kosa dogo ni lile ambalo adhabu yake ya juu haizidi kifungo cha miezi sita, au faini ya shilingi 1,000, au vyote viwili. Cheki mbaya iko kifungu cha 316A cha Kanuni ya Adhabu, na adhabu yake yafika kifungo cha mwaka mmoja, au faini ya shilingi 50,000, au vyote. Kwa hiyo ile miezi 12 haiifungi. Wale akina mama walikuwa bado na nafasi.

Hata hivyo, ngoja ngoja huumiza matumbo. Mashahidi husahau, karatasi hupotea, mtu huhama.

3. Muda wa kudai pesa: miaka 6
Deni la mapatano hudaiwa mahakamani ndani ya miaka sita tangu lilipofaa kulipwa. Kwa mfano wetu, mwisho ni mwanzo wa Machi 2029. Mdaiwa akilipa sehemu, au akikiri deni kwa maandishi na kutia sahihi, miaka sita huanza upya. Ahadi ya simu haitoshi.

TAHADHARI

Si kila cheki iliyorudi ni kosa la jinai. Lazima ionyeshwe kuwa mwandishi alijua pesa hazitoshi, au alijua akaunti imefungwa, au aliiagiza benki mapema isilipe. Tena, cheki ya tarehe ya mbele haihesabiwi kosa kwa sababu ya pesa kutotosha tu. Ukikubali cheki ya namna hiyo, jua umekopesha.

Jambo jingine: faini huenda serikalini, si kwa kikundi. Mahakama yaweza kuamuru mlipwe fidia, lakini msiitegemee. Polisi si wakusanya madeni.

HATUA ZA KUFUATA

- Chukua cheki yenyewe na karatasi ya benki yenye sababu. Toa kopi, weka mahali salama.
- Mwandikie aliyeitoa barua siku hizo hizo, umpe tarehe ya kulipa. Baki na kopi.
- Andikeni katika daftari la kikundi: kazi gani, lini, shilingi ngapi, nani shahidi.
- Mkiona kuna udanganyifu, ripotini kituo cha polisi na mchukue namba ya OB.
- Kwa pesa zenyewe, iko Mahakama ya Madai Madogo Mombasa. Husikiza madai yasiyozidi shilingi 1,000,000, na sheria yake ya 2016 yataka hukumu itoke ndani ya siku 60. Unaweza kujisemea bila wakili.

Wahenga walisema: mali bila daftari hupotea bila habari. Zile 84,000 zilikuwa za karo na za unga. Kuzidai kwa njia ya haki si ugomvi, ni kulinda jasho la wenzetu.

MASWALI YA KUJADILI

1. Kwa nini miezi 12 haikuwazuia akina mama wa mfano wetu?
2. Mdaiwa akileta shilingi 5,000 leo, mweka hazina aandike nini, na nani atie sahihi?
3. Je, kikundi chetu kikubali cheki za tarehe ya mbele? Kwa nini?

Kabla ya kufunga mkutano, mweka hazina afungue daftari, asome madeni yote na tarehe zake.