Mwaka wa Unga wa Njano Ulikuwa Mwaka Gani?

Ndugu msomaji, hebu jiulize: nyumba unayokaa sasa ulihamia mwaka gani? Wengi wetu hatujibu kwa namba. Tunasema, "Ni ule mwaka ng'ombe walipokufa sana," au, "Kifungua mimba wangu alikuwa anatambaa." Majibu ya namna hii si ya ujinga. Ndivyo kichwa cha binadamu kinavyoweka mambo, awe amesoma au hakusoma. Kichwa hakiweki tarehe. Kinaweka matukio, watu waliokuwepo, na kazi iliyokuwa ikifanyika siku zile. Taabu inakuja pale ofisi, zahanati au baraza linapotaka namba.

Leo tutajifunza namna ya kutoka kwenye tukio mpaka kwenye namba. Tutaanza na kisa cha mama mmoja, mhitimu wa kisomo, ambaye nusura apoteze shamba kwa sababu ya kukisia mwaka. Jina lake na la kijiji chake hatuyataji.

Mwaka 2017 mama huyu alipeleka malalamiko kwenye baraza la ardhi la kijiji. Jirani alikuwa amelima kipande cha shamba la marehemu mume wake, akapanda mihogo, na sasa alikuwa anafyatua matofali ya kujengea. Wajumbe wakauliza: jirani aliingia mwaka gani? Mama akajibu haraka, "Juzi juzi tu, mwaka 2011." Jirani akasema yeye aliingia 2004, tena marehemu mwenyewe ndiye aliyempa.

Hapo ndipo mambo yalipoharibika. Mjumbe mmoja alikumbusha kwamba wakati wa uchaguzi mkuu wa 2010 mkutano wa kampeni ulifanyika kando ya shamba hilo, na mihogo ya jirani ilikuwa imekwisha simama. Basi 2011 ilikuwa uongo! Watu wakaanza kuguna. Kumbe mama hakudanganya, alikisia. Lakini mbele ya baraza, namba moja ikionekana ya uongo, na maneno mengine yote yanatiliwa shaka.

Na mwaka huo ulikuwa na uzito. Sheria ya Ukomo ya mwaka 1971 inampa mtu miaka 12 ya kufungua shauri la kudai ardhi yake. Baraza la kijiji kazi yake ni kusuluhisha, lakini usuluhishi ukishindikana na shauri likaenda mbele, swali la muda litaulizwa tu. Hesabu mwenyewe. Kama jirani aliingia 2004, mpaka 2017 ni miaka 13. Mama amechelewa.

Baraza likaahirishwa kwa wiki mbili. Mama akaja kwetu na daftari lake la kisomo.

Tuseme kweli, sisi wenyewe tulianza vibaya. Tulimwambia aandike maisha yake tangu kuzaliwa, mwaka baada ya mwaka, kama tulivyofundishwa chuoni kuandika historia. Alikaa na kalamu mkononi muda mrefu. Mwisho akasema, "Mwalimu, miaka siijui. Nawajua wanangu." Neno hilo lilitufungua macho. Tukaiacha miaka, tukaanza na wanawe.

Tukamwuliza: "Mama, mzee alipofariki mtoto wako wa mwisho alikuwa wapi?" Hakusita. Mtoto alikuwa darasa la pili. Walimu walileta rambirambi. Mtoto huyo alizaliwa lini? "Wakati wa mvua zile kubwa, daraja lilipochukuliwa na maji, mimi nikavushwa kwa mtumbwi kwenda kujifungua." Mvua zile ni za El Niño, za mwishoni mwa 1997 na mwanzoni mwa 1998. Tukamwomba atafute kadi ya kliniki. Akaikuta ndani ya mkebe: Februari 1998. Mtoto alianza darasa la kwanza ana miaka saba, yaani 2005. Darasa la pili ni 2006. Tayari tulikuwa na mwaka wa msiba, na rejesta ya shule ya msingi ikakubali.

Baada ya hapo kazi ilikuwa nyepesi. Mwaka uliofuata msiba shamba lilikaa pori kwa sababu mama alikuwa kwa dada yake. Mwaka wa pili yake, aliporudi, akakuta jirani amelima. Hiyo ni 2008. Kutoka 2008 mpaka 2017 ni miaka tisa, na mitatu imebaki.

Baraza lilipokaa tena, mama hakutaja namba kwanza. Alieleza matukio kwa mpangilio, kisha akaweka kadi mezani. Wajumbe wakamgeukia jirani: wakati wa msiba shamba lilikuwa na nini? Akajibu kwamba kaburi la marehemu alichimba yeye pamoja na vijana wawili, na kipande kile kilikuwa na mabua ya mahindi ya marehemu. Alipokwisha kusema hivyo akanyamaza, maana alijisikia mwenyewe. Waliafikiana avune mihogo iliyobaki, aondoke. Matofali yalileta ubishi mwingine, ila hayo si ya somo hili.

Sasa tuone kwa nini mama alisema 2011. Jambo lililotuumiza huonekana karibu kuliko lilivyo. Tunaposema "juzi juzi" mara nyingi ni miaka kumi. Wataalamu wa kumbukumbu wameliona jambo hili kwa watu wa nchi nyingi, waliosoma sana na wasiosoma. Wameona pia kwamba wazee hukumbuka zaidi mambo ya ujana wao, tangu umri wa miaka kumi hivi mpaka thelathini. Ndiyo maana babu atakueleza ngoma ya mwaka aliooa, nani alipiga na nani alianguka, lakini ukimwuliza paa la nyumba lilibadilishwa lini anabaki anakuna kichwa.

Kosa lingine ni namba za mviringo. Ukimwuliza mtu asiyejua umri wake atasema arobaini, hamsini, sitini. Mara chache arobaini na saba. Watu wa sensa wanalijua sana hili. Kwa hiyo makarani hupewa orodha ya matukio ya mahali, na humwuliza mtu alikuwa mkubwa kiasi gani tukio fulani lilipotokea.

Na tujihadhari na visa vya kuazima. Yuko ndugu mmoja anayetusimulia Vita vya Kagera kana kwamba alikuwepo, mpaka mizinga anaiiga kwa mdomo, na kumbe alizaliwa vita vimekwisha. Si mwongo. Amesikia kisa hicho kwa baba yake mara nyingi hata kikawa chake.

Tukio la kushikia mwaka lazima liwe limetokea mara moja, na mwaka wake ujulikane. Hapa twende polepole. Mama yetu huyu alitaka pia kujua umri wake, kwa sababu wazee wasiojiweza wenye miaka 60 na zaidi husamehewa gharama za matibabu. Alisema, "Niliolewa mwaka wa unga wa njano." Vizuri, lakini unga wa mahindi ya njano kutoka nje ulikuja zaidi ya mara moja: baada ya ukame wa 1973 na 1974, na tena njaa ya mwanzoni mwa miaka ya 1980. Ni upi? Tukamwuliza walikuwa wanaishi wapi walipoula. "Kwenye kibanda cha Operesheni, ukuta haujakandikwa." Operesheni ya kuhamia vijijini ilipamba moto 1974 na 1975. Kwa hiyo ni njaa ile ya kwanza. Aliolewa akiwa na miaka 17 hivi. Tukaandika: "Alizaliwa kati ya 1956 na 1958." Hatukulazimisha mwaka mmoja. "Kati ya" ni neno la kweli, na ni bora kuliko namba moja ya kubuni.

Majina nayo yanasaidia. Kwa Wasukuma Mabula ni mtoto wa wakati wa mvua, na nzala ni njaa. Lakini angalia, mtoto anaweza kupewa jina la babu yake, na mvua ikawa ni ya babu. Ramadhani pia haikuambii msimu, kwa kuwa hurudi nyuma siku 11 hivi kila mwaka.

Haya ni matukio machache ya kushikia. Uhuru wa Tanganyika ni Desemba 1961. Azimio la Arusha ni Februari 1967. Idi Amin alivamia Kagera Oktoba 1978, na Kampala ikaanguka Aprili 1979. Sokoine alifariki Aprili 1984. Papa Yohane Paulo wa Pili alikuja Septemba 1990. Meli ya MV Bukoba ilizama tarehe 21 Mei 1996. Mwalimu Nyerere alifariki tarehe 14 Oktoba 1999. Sensa zilikuwa 1967, 1978, 1988, 2002, 2012 na 2022. Ya kijijini kwako ongeza mwenyewe: shule kufunguliwa, kisima kuchimbwa, radi kupiga.

KAZI YA KUFANYA

Chukua daftari, piga mstari katikati ya ukurasa. Kushoto andika matukio ya nchi na ya kijiji yenye mwaka unaojulikana. Kulia andika yako: ndoa, kuzaliwa kwa kila mtoto, misiba, mashamba uliyopata na uliyompa mtu. Kwa kila tukio la kulia jiulize, lilikuwa kabla au baada ya lile la kushoto? Usipojua, acha nafasi, umwulize mtu wa rika lako, msikubaliane haraka. Kisha fungua mkebe wa karatasi zako na ulinganishe. Ukikuta kadi na kichwa vinapingana, tuandikie kisa hicho, tutakijadili katika toleo lijalo.