Somo: Mwana wa Nyumba Mbili

Mwaka 2020 Mfaransa Florian Zeller alitoa sinema iitwayo The Father, yaani Baba. Mwaka 2022 akaleta ya pili, The Son, yaani Mwana, iliyotoka katika mchezo wake wa jukwaani, Le Fils, wa mwaka 2018. Watu wa sinema ya pili si wale wa kwanza. Zote mbili zaonyesha jamaa wanaopendana, lakini wasioweza kuokoana.

Habari

Katika mji wa New York, Marekani, Peter na mkewe Kate wameachana. Peter anakaa na Beth, nao wana mtoto mchanga. Mwana wa Peter na Kate, jina lake Nicholas, ana miaka 17. Siku moja Kate anafika mlangoni kwa Peter na habari hii: kijana hajaonekana shuleni karibu mwezi mzima. Kila asubuhi alitoka nyumbani, kumbe alikuwa akitembea peke yake mjini.

Nicholas anaomba kukaa kwa baba yake. Anapokewa, anatafutiwa shule mpya. Akiulizwa, hujibu kwamba yote ni mema. Kumbe na huko haendi. Baba anapojua, anamkemea kwa ukali. Ndipo anajisikia akinena maneno yaleyale ya baba yake mwenyewe, mzee mgumu ambaye hakutaka kamwe kufanana naye.

Baadaye kijana anataka kujiua, anapelekwa hospitali. Mganga anaonya: asitolewe, hatari haijapita. Nicholas analia, anasihi. Wazazi wanashindwa na machozi yake, wanamrudisha nyumbani. Siku ileile anajiua kwa bunduki ya kuwinda iliyokuwa nyumbani kwa Peter.

Maulizo

1. Je, Nicholas alikuwa mwasi?
Alitoroka shule, akasema uongo. Lakini utoro wake ulikuwa moshi. Moto ulikuwa ndani. Aliwaambia wazazi kwamba maisha yanamlemea. Walimhimiza aende shule, ugonjwa ukabaki palepale.

2. Je, wazazi hawakumpenda?
Walimpenda sana. Lakini Peter alijiona mwenye deni kwa kuwa aliondoka nyumbani. Mwenye deni hawezi kukataa anapoombwa. Wahenga walisema: Mtoto akililia wembe, mpe. Hapa methali haifai. Kuna siku ambapo upendo ni kusema hapana, na kuvumilia kuchukiwa.

3. Wazazi walioachana wafanye nini?
Kwanza, wasitosheke na jibu la kijana. Wamwendee mwalimu wake. Pili, wanene neno moja, ijapokuwa nyumba ni mbili. Tatu, kijana akitaja kufa, wasimwite mtundu. Wamsikilize, wasimwache peke yake, wampeleke kwa mganga upesi na kushika shauri lake. Nne, silaha itoke nyumbani.

Mwisho

Miaka inapita. Peter anamwona Nicholas akiingia, mtu mzima sasa, akimletea kitabu alichokiandika. Kisha anazinduka: hakuna mtu. Ilikuwa mawazo tu. Beth anamwambia kwamba maisha lazima yaendelee, naye baba analia.

Mwenye kijana nyumbani asingoje saa hiyo. Leo jioni amwulize mwanawe: "Unaumwa wapi?" Akiisha kuuliza, anyamaze, asikilize.