Pete, Taa na Shimo: Kifaa cha Uchawi na Umiliki wa Hazina katika Kisa cha Aladini

1.0 Utangulizi

Miongoni mwa visa vya Alfu Lela Ulela, kisa cha Aladini huelezwa mara nyingi kuwa ni kisa cha kijana maskini aliyeinuliwa na jini wa taa. Maelezo hayo si ya uongo, ila yanaipita upesi sehemu ya mwanzo, ambayo kwa hakika ni masimulizi ya uchimbaji. Pana shimo, pana mwenye maarifa ya shimo, pana kijana anayetumwa kuingia, na pana kifaa cha kumlinda. Makala haya yanachunguza sehemu hiyo na kudai kwamba suala lake kuu ni umiliki: hazina ni ya nani, ya anayejua ilipo au ya anayeifuata chini?

2.0 Mahali pasipotulia

Matini inayorejelewa hapa ni ya Mfaransa Antoine Galland, iliyochapishwa mwaka 1712. Shimo linalosimuliwa humo halina mlango unaoonekana. Mchawi aliyetoka Afrika anawasha moto, anatupa ubani na kutamka maneno. Ardhi inatetemeka na kupasuka, na jiwe lenye kishikio cha shaba linaonekana. Chini yake kuna ngazi, kumbi tatu zenye vyombo vilivyojaa dhahabu na fedha, na bustani ambayo matunda yake ni lulu, almasi, yakuti na zumaridi. Aladini anaonywa kwamba nguo yake ikigusa ukuta tu atakufa papo hapo. Baadaye, maneno mawili ya mchawi yanatosha kulifunga shimo.

Katika machimbo ya kawaida hatari hutokana na mwamba, maji au hewa. Hapa hatari hutokana na neno. Ulimwengu huu wa chini hukaa wazi kwa muda ule tu ambao mwenye neno ameridhika, na kwa sababu hiyo anayeingia humo yumo mikononi mwa aliyebaki juu.

3.0 Kifaa na mwenye kukivaa

Mchawi mwenyewe amekatazwa kuligusa jiwe wala kukanyaga ndani ya shimo. Anahitaji mwili wa mtu mwingine, na kwa hiyo anamvisha Aladini pete ya kinga. Vladimir Propp, katika uchambuzi wake wa ngano wa mwaka 1928, alionyesha kwamba shujaa kwa kawaida hupewa kifaa cha uchawi na mtoaji baada ya kujaribiwa. Katika kisa hiki mtoaji ndiye adui. Pete haikutolewa kwa hisani. Imetolewa ili nguvukazi isiharibike kabla mali haijafika juu.

Msuko unapinduka mdomoni mwa shimo. Mchawi anataka akabidhiwe taa kwanza; Aladini hawezi kuitoa, kwani imefunikwa na vito alivyojaza nguoni. Kwa hasira mchawi analifunga shimo. Siku ya tatu gizani, Aladini anapokutanisha mikono kuomba, pete inasuguliwa bila kukusudia na jini wake anatokea. Ni dhahiri kwamba kifaa hakina uaminifu kwa aliyekitoa, humtii aliyekivaa.

Hata hivyo, kifaa hakifundishi thamani. Aladini anadhani vito ni vioo vya rangi, na sahani za fedha zilizoletwa na jini anaziuza kwa sarafu moja moja ya dhahabu mpaka sonara mwaminifu amweleze bei yake halisi. Thamani ya vito anaijua baada ya kuzoea maduka ya masonara. Umiliki wake, basi, unakamilika sokoni.

4.0 Msimulizi na mkusanyaji

Suala hilohilo linajitokeza katika historia ya matini. Galland alikisikia kisa hiki mjini Paris mwaka 1709 kutoka kwa Hanna Diyab, kijana Mkristo wa Aleppo. Shajara ya Galland inamtaja. Vitabu vilivyochapishwa havikumtaja. Hakuna mswada wa Kiarabu wa kisa hiki unaojulikana kutangulia matini ya Galland. Kumbukumbu za Diyab, zilizohifadhiwa katika maktaba ya Vatikani na kuchapishwa kwa Kifaransa mwaka 2015, zinaeleza jinsi yeye na msafiri Paul Lucas walivyofika kwenye kaburi la kale nchini Siria. Mchunga mbuzi alilipwa aingie ndani, na miongoni mwa vilivyotolewa ni pete na taa.

Haifai kudai kwamba tukio hilo peke yake ndilo chimbuko la kisa. Lakini Lucas alimwahidi Diyab kazi katika maktaba ya mfalme wa Ufaransa. Kazi hiyo hakuipata, akarejea kwao mwaka 1710. Aliyekuwa na hadithi alirudi mikono mitupu, na jina likabaki kwa aliyeiandika.

5.0 Hitimisho

Imeonyeshwa kwamba pete ya Aladini ni chombo cha kazi kilichogeuka kuwa chombo cha ukombozi, na kwamba mgogoro wa mdomoni mwa shimo ni mgogoro wa haki ya mtendakazi. Kwa mwanafunzi wa fasihi simulizi anayekwenda nyanjani na kinasasauti, funzo ni bayana. Yeye ndiye aliyebaki juu akingoja taa. Jina la msimulizi, mahali na siku ya usimulizi ni sehemu ya matini, na yafaa viandikwe kabla ya uchambuzi wowote kuanza.