DARSA: SANADI YA INJILI ILIYOPELEKWA UKAMBANI

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad, na jamaa zake na sahaba zake wote. Ama baada ya hayo:

Wamekuwa wengi vijana wetu wa pwani waendao Kitui na Makueni kwa biashara, kwa ualimu na kwa kazi za serikali. Huko hukaa na majirani wema, na wengi wa majirani hao ni Wakristo. Haupiti muda ila kijana huulizwa: "Mbona hamuikubali Biblia, ilhali Qur'ani yenu yaitaja Injili?" Mmoja hunyamaza, na mwengine hutukana. Kunyamaza kwa kutojua ni aibu, na kutukana si katika dini. Mwenyezi Mungu ametuamuru katika Suratul Ankabut tusijadiliane na Watu wa Kitabu ila kwa njia iliyo bora. Basi na tusome jambo hili kwa utaratibu.

1. KHABARI YA KITABU

Mjerumani Johann Ludwig Krapf, aliyetumwa na chama cha misheni cha Kiingereza, alifika Mombasa mwaka 1844 akiwa na barua ya Sayyid Said ya kumtambulisha kwa maliwali. Mwaka 1849 alisafiri mpaka Kitui kwa Kivoi, mfanyi biashara mkubwa wa Kikamba, na huko ndiko alikouona mlima Kenya. Mwaka 1850 alipigisha chapa mjini Tübingen, Ujerumani, Injili ya Marko kwa Kikamba. Kisha mwaka 1895 wamisheni wa Africa Inland Mission wakafungua kituo chao cha kwanza Nzaui, katika nchi ambayo leo ni Makueni.

Basi kitabu cha Kikristo kilichotangulia kupigwa chapa kwa lugha ya Wakamba ni Marko. Na tukifanye hicho kuwa mfano wetu.

2. SUALA LA SANADI

Itikadi yetu ni hii: Nabii Isa, alayhis salaam, aliteremshiwa Injili, nayo ni haki. Lakini Marko ni kitabu kisimuliacho maisha ya Nabii Isa, kilichoandikwa baada yake, tena kwa Kiyunani, na lugha yake yeye ilikuwa Kiaramu. Basi twauliza kama tuulizavyo katika elimu ya hadithi: Nani aliyeandika? Kapokea kwa nani? Na huyo kapokea kwa nani?

Ndani ya kitabu chenyewe mwandishi hakujitaja jina. Wakristo hujibu kwamba Papia, mwanachuoni wao wa karne ya pili Miladi, alisema kuwa Marko alikuwa mkalimani wa Petro, akaandika aliyoyasikia kwake. Jawabu hili ni la kuheshimiwa, na asiyelijua asiingie katika mjadala. Lakini litie katika mizani. Kitabu cha Papia kimepotea, na maneno yake haya twayapata kwa Eusebio, aliyeandika katika karne ya nne. Na Papia mwenyewe ayanukulu kwa mtu amwitaye "mzee". Kwa watu wa hadithi, khabari ya namna hii yaweza kuandikwa na kutajwa, lakini haitoshi kuwa nguzo ya itikadi.

Kisha tazama maandiko yenyewe. Mwaka ule ule wa 1844 mtaalamu wa Kijerumani, Tischendorf, alikuta kurasa za nakala kongwe katika nyumba ya watawa chini ya mlima Sinai, na mwaka 1859 akaipata sehemu yenye Agano Jipya. Nakala hiyo, na nyengine iliyoko Vatikani, zote ni za karne ya nne, na katika zote mbili Marko humalizika mlango wa 16, aya ya 8. Aya ya 9 hata ya 20 hazimo. Wataalamu wengi wa Kikristo wakubali kuwa aya hizo 12 ziliongezwa baadaye, na tafsiri nyingi za siku hizi huzitia alama. Nazo ndizo zenye amri ya kwenda ulimwenguni kote kuhubiri, na ahadi ya kushika nyoka na kunywa sumu bila ya kudhurika. Amri ya kuwafundisha mataifa imo pia mwisho wa Mathayo, nasi twalisema hilo, kwani haki haifichwi. Tuthibitishacho ni hiki tu: mkono wa mwanadamu uliweza kuongeza, na ulioongeza haujulikani.

3. HOJA ZA KUACHWA

Yako maneno yapendwayo barazani nayo ni dhaifu. La kwanza ni kwamba vitabu vya Agano Jipya vilichaguliwa katika mkutano wa Nikea mwaka 325. Sivyo. Mkutano ule ulishughulika na itikadi juu ya Masihi, na tarehe ya Pasaka, na kanuni za kanisa. Orodha ya vitabu 27 twaiona katika barua ya Athanasio ya mwaka 367. La pili ni kutegemea kile kiitwacho Injili ya Barnaba. Nakala yake ya Kitaliani ni ya karne ya kumi na sita, na sanadi ya kuifikisha kwa Barnaba haipo. Vipi umtake mwenzio sanadi, nawe washika kisicho na sanadi?

Na mizani hii yatupima sisi pia. Atakaye kumuuliza Mkristo "umepokea kwa nani?" naajiulize suala hilo juu ya kila hadithi aisikiayo maulidini na matangani. Mwenye kumtungia Mtume maneno ameahidiwa Moto.

4. DENI LETU

Misafara ya Wakamba ilikuwa ikileta pembe Mombasa kabla Krapf hajaiona bara. Wazee wetu walijuana nao, wakauziana, wakakopeshana. Mgeni yule, tangu kufika kwake hata kuwapigia chapa kitabu kwa lugha yao, ilimchukua miaka sita. Je, sisi tuliotangulia kuwajua tuliwapa kitabu gani? Tuliwapa nguo na shanga. Basi tusistaajabu kuwa leo Kitui na Makueni makanisa ni mengi kuliko misikiti, wala tusiwalaumu watu kwa kuupokea mlango waliofunguliwa.

Kijana uendaye huko, jifunze Kikamba, timiza mizani yako dukani, na umheshimu jirani yako. Ukiulizwa, jibu kwa dalili. Na usichokijua, sema sikijui, kisha ukaulize. Hoja iliyo sahihi mdomoni mwa mtu mkhaini haimwongoi mtu.

Wabillahi tawfiq.