Apophis itatugonga?

*Mtaalamu, nasikia asteroidi Apophis itapita karibu na Dunia mwaka 2029. Kwenye darubini ni nukta tu. Ukubwa wake wameujuaje? Nina hofu. — Msomaji, Tanga*

Ondoa hofu. Vipimo vya rada vya 2021 vilionyesha haitatugonga kwa angalau miaka 100. Kuhusu ukubwa, mwanga peke yake hudanganya: jiwe dogo jeupe hung'aa sawa na kubwa jeusi. Kwa hiyo hupimwa pia joto lake na mwangwi wa rada. Apophis ina upana wa mita 340 hivi. Mwanga wake hupanda na kushuka kwa sababu inazunguka na ni ndefundefu. Tena huyumba kama pia inayoishiwa nguvu.

Usiku wa kuamkia Aprili 14, 2029 itapita kilomita 32,000 hivi kutoka Dunia. Barani Afrika itaonekana bila darubini, mawingu yakiruhusu. Ukitumiwa ujumbe wa kutisha, angalia kwanza tovuti ya NASA.