Mtambo wa Moto na Maji

Katika hadithi za kale mna vyombo vingi vya ajabu. Mna zulia lirukalo angani, na pete ambayo mwenye kuisugua hupata kila alitakalo. Mzigo huchukuliwa mpaka mwisho wa dunia, wala hapana aulizaye nguvu ya kuuchukua imetoka wapi. Lakini katika dunia hii swali hilo haliepukiki, na gari la moshi lililofika Nachingwea mwaka 1949 ni mfano wake.

Zamani, katika nchi ya Nachingwea na Ruangwa, mizigo ya kwenda pwani ilichukuliwa kichwani. Mzigo wa mpagazi mmoja ulikuwa kadiri ya ratili 60, ndiyo kilo 27. Mpagazi huyo hakupata nguvu zake bure. Kila jioni alikula, na chakula hicho ndicho kilichokuwa kuni za mwili wake. Aliyelala na njaa jana, leo mzigo humshinda.

Gari la moshi nalo ni mpagazi, ila chakula chake ni kuni, makaa ya mawe au mafuta, na kinywaji chake ni maji. Tazama chungu kinachochemka jikoni. Kifuniko huinuka, hushuka, tena huinuka. Hapana mkono unaokisukuma. Kisukumacho ni mvuke. Maji yakigeuka kuwa mvuke hutaka nafasi kubwa sana: lita moja ya maji hutoa mvuke uenezao lita 1,600 na zaidi. Mvuke ukifungiwa hutafuta njia ya kutoka kwa nguvu nyingi.

Basi mafundi walifanya hivi. Walitengeneza pipa kubwa la chuma la kuchemshia maji, wakaweka moto wake nyuma. Mvuke hupita katika bomba mpaka ndani ya silinda, na ndani ya silinda mna pistoni. Pistoni hukaa kama mchi katika kinu, lakini imebana pande zote ili mvuke usipenye. Mvuke huingia upande mmoja, ukaisukuma. Kisha huingia upande wa pili, ukairudisha. Fito za chuma huunganisha pistoni na magurudumu, na mwendo wa kwenda na kurudi hugeuka kuwa mwendo wa kuzunguka. Mtu wa kwanza kuvuta mabehewa juu ya reli kwa mtambo wa namna hii alikuwa Richard Trevithick, huko Wales, mwaka 1804.

Faida yake ni kubwa. Behewa moja likipakiwa tani 20, mzigo huo ungehitaji wapagazi wapatao 740. Hata hivyo mtambo haukuumba nguvu. Nguvu zote zilikuwa tayari ndani ya kuni, na kuni zilizipata kwa jua lililoangaza miti miaka mingi. Mtambo hugeuza tu, tena hupoteza. Katika sehemu 100 za joto, mitambo mingi ya mvuke ya reli haikupata hata sehemu 10 za kazi. Zilizobaki zilikwenda na moshi na mvuke.

Sasa sikiliza habari ya reli ya Nachingwea. Baada ya vita vya 1939 mpaka 1945, Uingereza ilikuwa na upungufu mkubwa wa mafuta ya kula. Serikali yake ikakusudia kulima karanga katika Tanganyika, huko Kongwa, Urambo na Nachingwea. Kazi ilianza mwaka 1947. Matrekta yaliletwa kufyeka misitu, na reli ikajengwa kutoka Mkwaya, karibu na Lindi, mpaka Nachingwea. Bandari ya maji ya kina ikajengwa Mtwara, na mwaka 1954 ikawa tayari, nayo ikaunganishwa na reli hiyo. Mwaka 1958 reli ilifika Masasi.

Lakini udongo na mvua havikupimwa vya kutosha kabla ya kazi kuanza. Mizizi migumu ilivunja majembe ya mashine, matrekta yaliharibika, na karanga zilizovunwa zilikuwa haba. Mwaka 1951 mpango ule uliachwa, baada ya kutumia pauni zipatazo milioni 36. Reli ikabaki, lakini karanga zilizokuwa zijaze mabehewa hazikuwapo. Mizigo mingine haikutosha kulipa gharama za reli. Mwaka 1962 ilifungwa, na vyuma vyake vikang'olewa.

Je, mtambo ulikuwa mbovu? Sivyo. Moto uliwaka, maji yakachemka, magurudumu yakazunguka kama ilivyopasa. Kosa lilikuwa mahali pengine. Kama vile pipa la maji haliwezi kutoa mvuke pasipo kuni, ndivyo na reli haiwezi kuishi pasipo mazao ya shamba. Waliojenga walianza na chombo cha kuchukulia, wasijue kwa hakika kwamba shamba litatoa cha kuchukua. Mkulima wa Kimwera hajengi ghala kubwa kabla hajajua shamba lake lazaa nini.

Katika miaka iliyofuata wakulima wa nchi hiyo waliendelea na korosho, ufuta na mbaazi, na mazao hayo husafiri kwa malori. Kwingineko katika Tanzania, mwaka 2024, magari ya umeme yalianza kwenda juu ya reli mpya kutoka Dar es Salaam mpaka Dodoma. Hayatoi moshi, lakini sheria ni ile ile. Umeme wake hutoka katika maji yaangukayo, au katika gesi ichomwayo, kama ile ya Mnazi Bay mkoani Mtwara. Zulia la hadithi halijapatikana, na kila mzigo usafirio una mlipaji wake.

MASWALI

1. Kwa nini kifuniko cha chungu huinuka maji yakichemka?
2. Pistoni yafanana na nini, na kazi yake ni nini?
3. Mzigo wa tani 2 wataka wapagazi wangapi, kila mmoja akichukua kilo 27?
4. Mtambo wa reli ya Nachingwea haukuwa mbovu. Kwa nini basi reli ilifungwa?