Kila mfupa uliovunjika una namba yake



Mtu anapoanguka hunyoosha mkono ili kujikinga. Uzito wote wa mwili huangukia kiganja. Hapo ndipo kifundo cha mkono huvunjika. Kifundo cha mkono ni mahali tunapovaa saa au bangili.

Leo tutajifunza jinsi mganga anavyoliandika jeraha hilo. Tutaona pia kwa nini maandishi hayo ni muhimu kwa mgonjwa na kwa wilaya nzima.

Mifupa ya kifundo

Shika mkono wako wa kushoto kwa mkono wa kulia. Chini ya kiwiko kuna mifupa miwili mirefu. Mmoja uko upande wa kidole gumba. Wa pili uko upande wa kidole cha mwisho. Mifupa hii inapofika kwenye kifundo hukutana na vifupa vidogo 8.

Basi tukisema "amevunjika mkono", hatujasema jambo kamili. Ni mfupa gani? Umevunjika wapi? Je, kuna kidonda?

Orodha ya dunia

Zamani kila nchi iliandika majina ya magonjwa kwa namna yake. Ilikuwa vigumu kulinganisha hesabu. Mwaka 1893, katika mkutano uliofanyika Chicago, Marekani, Mfaransa Jacques Bertillon alitoa orodha moja ya sababu za vifo. Tangu mwaka 1948 kazi hiyo inasimamiwa na Shirika la Afya Duniani. Sasa orodha ina magonjwa na majeraha pia.

Orodha ya 10 ilikubaliwa mwaka 1990, na bado inatumika katika nchi nyingi. Orodha ya 11 ilianza kutumika tarehe 1 Januari 2022. Hapa tutasoma namba za orodha ya 10.

Jinsi ya kusoma namba

Tazama namba hii: S52.5

Herufi S ni ya kundi la majeraha. 52 ni kuvunjika kwa mifupa iliyo kati ya kiwiko na kifundo. 5 ya mwisho ni ncha ya chini ya mfupa wa upande wa kidole gumba. Mifupa yote miwili ikivunjika karibu na kifundo, namba ni S52.6.

Mganga anaweza kuongeza tarakimu moja mwishoni. 0 maana yake ngozi ni nzima. 1 maana yake kuna kidonda kinachofika kwenye mfupa uliovunjika. Kwa hiyo S52.51 ni habari ya hatari. Uchafu unaweza kuingia katika mfupa. Mgonjwa huyo anahitaji kusafishwa kidonda, kupewa dawa ya kuua vijidudu na kukingwa na pepopunda bila kuchelewa.

Namba mbili zinazofanana kwa maumivu

Sasa linganisha namba hizi:

S63.5 ni kuteguka kwa kifundo cha mkono.

S62.0 ni kuvunjika kwa kifupa kimoja kidogo kilicho chini ya kidole gumba.

Wagonjwa hawa wawili wanaweza kusema maneno yale yale: "Nilianguka, kifundo kinauma." Mkono unaweza kuvimba kidogo tu. Hata picha ya eksirei ya siku ya kwanza inaweza isionyeshe ufa katika kifupa hicho.

Lakini mambo yao ni tofauti sana. Aliyeteguka kidogo huweza kupona kwa kupumzisha mkono. Aliyevunjika kifupa anahitaji kufungwa plasta ngumu, ile inayoitwa hogo. Damu huingia katika kifupa hicho zaidi kwa upande mmoja. Kikivunjika, damu inaweza kukatika. Sehemu ya mfupa hufa, na mkono hubaki dhaifu. Mkulima huyo atashikaje jembe?

Kwa sababu hiyo, mganga mwenye shaka huufunga mkono kama uliovunjika. Kisha humwambia mgonjwa arudi baada ya siku 10 hadi 14 ili apimwe tena. Usiache kurudi kwa sababu maumivu yamepungua.

Umeangukaje?

Kuna namba nyingine ya sababu ya jeraha. Kuanguka kutoka mtini ni W14. Kuteleza au kujikwaa na kuanguka pale pale ulipo ni W01.

Namba hizi zina faida. Bibi akijikwaa uani na kuvunjika kifundo, mganga hujiuliza kama mifupa yake imedhoofika. Anaweza kumsaidia kabla hajavunjika nyonga. Na katika wilaya, W14 zikiwa nyingi wakati wa kuvuna maembe au kuangua nazi, viongozi wa afya wataona tatizo liko wapi.

Hesabu hii huanzia kwako. Ukisema "nilianguka" tu, sababu haijulikani. Ukificha kwamba umepigwa, hesabu itasema uongo, nawe hutapata msaada unaostahili.

Ufanye nini ukiumia?

1. Vua pete, bangili na saa kabla mkono haujavimba.
2. Usikande wala kuvuta mkono.
3. Funga mkono juu ya kipande cha ubao kwa kitambaa, usikaze sana. Uning'inize shingoni.
4. Kama kuna kidonda, kifunike kwa kitambaa safi.
5. Nenda zahanati au kituo cha afya siku ile ile.
6. Mweleze mganga: mkono gani, uliangukaje, lini, na panauma wapi hasa.
7. Tunza karatasi uliyopewa. Ukipelekwa hospitali, nenda nayo.
8. Ukiwa na hogo, vidole vikifa ganzi, vikiwa vya baridi au maumivu yakizidi sana, rudi mara moja.

Huna haja ya kukariri namba hizi. Hiyo ni kazi ya mganga na karani wa kumbukumbu. Lakini sasa unajua kusoma. Ukiiona S52.5 katika karatasi yako, uliza: "Mganga, namba hii inasema nini juu ya mkono wangu?" Una haki ya kujua.

Maswali ya kujadili

1. Kuna vifupa vingapi vidogo katika kifundo cha mkono?
2. S52.50 na S52.51 zina tofauti gani?
3. Kwa nini mgonjwa huambiwa arudi baada ya siku 10 hadi 14?
4. Katika kijiji chenu watu huanguka zaidi wapi? Mnaweza kufanya nini ili kupunguza ajali hizo?